Uwanja wa Wake Wenza

Mama amepiga simu toka Korogwe:
"Heri, hiyo kazi yako iko mji gani?
Jirani kaniuliza, nimebaki kumeza mate."
Mji gani. Ah, mama,
swali hilo huku haliulizwi mezani.

Uwanja wenyewe uko kondeni,
ngano upande huu, barabara kuu upande ule,
na miji mitatu imeuzunguka
kama wake wenza waliopewa mtoto mmoja wa kulea:
Nottingham, Leicester, Derby.
Kuna mwaka mmoja wao alitanguliza jina lake
kwenye bango, kwa herufi kubwa,
wenzake wakanuna mpaka likashushwa.
Mmoja hujisifia lesi alizofuma zamani,
mmoja injini za ndege (bila mimi mngeruka na nini?),
mmoja mfalme wake aliyefukuliwa
chini ya maegesho ya magari,
mifupa mitupu, uti wa mgongo umepinda.
Mito yao hukutana hapo bondeni.
Soar huingia Trent, Derwent huingia Trent,
na sijasikia mto ulioandika barua gazetini.

Mchana utawaona wanaokwenda kuota jua Hispania,
kaptura zimeshavaliwa humu humu kwenye mvua.
Mimi si wa mchana.
Saa nne usiku ndege za mizigo huanza kushuka,
taa nyuma ya taa nyuma ya taa,
matumbo yanafunguliwa, tunazama ndani:
viatu vya bibi harusi, vipuri, dawa kwenye barafu,
simu za watu wasiojua kusubiri.
Kifurushi hakina mji wa kugombea.
Kina namba. Kinakwenda.

Ila Januari ile ulishuka ukungu
mzito kama uji uliosahauliwa jikoni.
Minara minane ya umeme,
ile iliyozimwa, ambayo bado tunaitazama kwa mazoea,
ikafutika yote.
Ndege zikapelekwa kwingine. Mabasi nayo yakagoma kuja.
Tukabaki chumba cha chai: mimi,
Craig wa Derby, Delroy wa Nottingham,
na mzee Kantilal wa Leicester, mshika simu ya malalamiko,
mzaliwa wa Bukoba,
ambaye Kiswahili chake cha kaunta ya duka
hakijachuja rangi miaka hamsini.
Chapati zake tulizigawana sawa.
Uwanja, hatukuweza.
"Ni wetu," alisema Craig, "tazama ramani."
Delroy akacheka: "Ramani? Tazama nani anaujaza."
Sauti zikapanda. Birika nalo likapanda.

Saa nane na dakika kumi simu ikalia.
Tulijua ni nani.
Bi Winifred Hallam wa kijiji cha Diseworth,
ng'ambo ya uzio,
miaka kumi na mmoja hupiga saa hiyo hiyo:
ndege yenu imepita juu ya kitanda changu,
kikombe kimetetemeka kwenye sahani,
andika, andika vizuri, Hallam kwa L mbili.
Kantilal akachukua kalamu.
Kisha akaiweka chini.
Akasikiliza muda mrefu.
"Hapana, mama," alimjibu kwa Kiingereza cha taratibu,
"hakuna aliyekufa. Ni ukungu tu."

Bibi alikuwa ameamshwa na kimya.

Hakuna aliyecheka. Delroy akaangalia dirisha,
ambalo halikuwa na kitu cha kuangaliwa.
Kantilal akanigeukia mimi, kwa lugha yetu:
"Sikia, Heri. Uwanja hapana ya Derby,
hapana ya Leicester, hapana ya huyu ingine.
Iko ya ule mama nalala chini yake."
Craig akauliza, amesemaje?
Nikamwambia, anaomba sukari.

Asubuhi mabasi matatu yakaja,
tukaagana, kila mtu na mwenza wake.

Kwa hiyo, mama, mwambie jirani niko Diseworth.
"Ni mji mkubwa?"
Una mnara wa kanisa. Una bibi mmoja asiyelala.
Akanyamaza kidogo, nikasikia jogoo wa kwetu
akiwika nyuma ya pumzi yake.
"Basi msalimie," akasema.
"Mwambie tuko wengi."